Keki ya mpira wa miguu ya fondanti: kasoro zinazojitokeza, chanzo chake na namna ya kuzirekebisha

Mwongozo huu unahusu keki za michezo zenye umbo la mpira, uwanja au jezi zilizovishwa fondanti. Mifano mingi inahusu nusu mpira wenye kipenyo cha sentimita 20, kwa sababu ndio unaowasumbua watu kuliko zote. Hauna kona ya kuficha kasoro, na mtu yeyote anayefuatilia soka hugundua mara moja kipande kilichokaa pasipo pake.

Kasoro huonekana juu ya fondanti, lakini mara nyingi haikuanzia hapo. Fondanti ni sukari ya unga iliyoshikanishwa kwa glukosi, jelatini au gundi ya mimea, glisarini na maji kidogo. Ni shuka tu: hufuata umbo la kilicho chini yake na haiwezi kukizuia kisisogee. Kwa hiyo kabla hujaanza kutia viraka, jiulize kwa mpangilio huu. Je, keki ilitulia kabla ya kuvishwa? Chini ya fondanti kumepakwa nini? Maji yameingilia wapi? Mkono wako uwe wa mwisho kushtakiwa.

Mpira umebonyea juu na kutanuka chini

Utosi umekuwa bapa, ubavu wa chini umejaa, na fondanti imejikunja karibu na kibao cha kuwekea keki. Mara nyingi keki ni laini mno. Sponji nyepesi ya mayai mengi ni tamu kuliwa, lakini haibebi tabaka la fondanti pamoja na vipande vinavyobandikwa juu yake, ambavyo kwenye mpira wa ukubwa huu kwa pamoja huzidi nusu kilo. Tumia keki ya siagi iliyoshikana: siagi, sukari, mayai na unga kwa uzito sawa, kisha zidisha unga gramu 50 kwa kila gramu 250 ulizopima.

Sababu nyingine ni kitovu kisichoiva. Bakuli la nusu tufe lina kina kirefu, hivyo joto huchelewa kufika katikati, na kwa nyuzi 180 kingo huungua kabla ndani hakujashika. Oka kwa nyuzi 160, jaza theluthi mbili tu, na anza kupima baada ya dakika 60 kwa kijiti kirefu kinachofika kitovuni. Kama una msumari wa chuma wa kutengenezea maua ya krimu, upake siagi na uusimamishe katikati ya bakuli kwa kichwa chake bapa kabla ya kumimina mchanganyiko. Chuma hupeleka joto ndani. Keki ikishaiva, iache ipoe kabisa, ifunge kwa plastiki na ilale usiku mzima kabla ya kuichonga. Keki yenye uvuguvugu huendelea kushuka hata baada ya kuvishwa.

Mpira mzima una tatizo lake la ziada. Ukiona mstari au mkunjo unazunguka kiunoni, nusu ya juu inaielemea nusu ya chini. Nusu ya juu ikae kwenye kibao chembamba kilicho pungufu ya kipenyo chake kwa sentimita 2, na kibao hicho kibebwe na vijiti vinne au vitano vilivyosimamishwa ndani ya nusu ya chini, vikiwa na urefu sawasawa. Kisha kijiti kimoja kirefu kipenye kutoka juu hadi kibao kikuu. Chini kata bapa la upana wa sentimita 5 au 6 ili mpira usiyumbe.

Kama mpira umebonyea na vipande bado havijabandikwa, vua fondanti, jaza pengo kwa chengachenga za keki zilizokandwa na ganashi (mchanganyiko wa chokoleti na krimu), laini umbo, kisha uvishe upya. Fondanti iliyogusa krimu usiirudishe kwenye ile safi. Kama vipande vimeshakauka juu yake, hakuna marekebisho ya maana. Zungushia nyasi za krimu sehemu ya chini na uache hivyo.

Ubavu unavimba au lengelenge linatokea

Hili ni la keki za matabaka, yaani uwanja na jezi. Uvimbe unaozunguka mahali matabaka yanapokutana unatokana na krimu ya ndani kusukumwa nje na uzito wa keki inayojipanga. Ukishajaza krimu, funika keki kwa plastiki, weka kibao juu yake na kitu cha nusu kilo hadi kilo moja, uiache saa 3 au 4, au usiku kucha. Krimu itakayotokeza ikwangue, kisha ndipo upake tabaka la nje. Kama kijazo ni laini, kizungushie ukuta wa krimu ngumu sentimita 1 kutoka ukingoni.

Lengelenge la duara ni hewa. Keki iliyovishwa ikiwa ya baridi kisha ikapata joto hutoa hewa inayotafuta njia. Choma kwa sindano safi kwa mshazari, si wima, sukuma hewa kwa kiganja kuelekea tundu, kisha lainisha. Likirudi mahali palepale, choma tena, ila sasa chagua sehemu itakayofunikwa na namba au mstari wa uwanja.

Fondanti inayeyuka kutoka chini

Ukiona madoa yenye majimaji yanayoanzia chini au kwenye maungio, fondanti imewekwa juu ya kitu chenye maji: krimu ya maziwa iliyopigwa, mtindi, matunda mabichi, au shira nyingi. Sukari huvuta maji, na ikishayapata hugeuka shira. Dawa ya hapo hapo hakuna.

Paka krimu ya siagi au ganashi. Kwa mpira, ganashi ni bora zaidi kwa sababu huganda na kuwa ganda gumu, na umbo la tufe hubaki kamili. Kwa uzito, chokoleti nyeusi ni sehemu 2 kwa sehemu 1 ya krimu, chokoleti ya maziwa ni sehemu 2.5 hadi 3 kwa 1, na nyeupe ni sehemu 3 kwa 1. Hali ya hewa ikiwa ya joto, ongeza chokoleti. Tabaka la milimita 4 linatosha. Lisawazishe kwa kipande cha plastiki laini kinachokunjika kufuata mviringo, kwa sababu kisu kilichonyooka huacha mabapa ambayo baadaye yataharibu mpangilio wa vipande.

Fondanti haishiki kwenye ganashi kavu. Pitisha brashi yenye maji yaliyochemshwa na kupoa, kiasi cha kuipa mng'ao tu. Ukiona matone, umezidisha, na fondanti itateleza.

Inachanika wakati wa kuvisha

Mahali ilipochanika hukuambia chanzo. Ikichanika kwenye kona ya jezi au ukingo wa uwanja, ni nyembamba au uzito wake unaning'inia. Isukume hadi milimita 4, viringisha kona za ganashi kidogo kwa kidole chenye joto, na ushikilie sehemu inayoning'inia huku ukibandika ya juu. Nyufa ndogondogo kila mahali ni ukavu: wanga wa mahindi umezidi mezani, au pakiti imekaa wazi. Kanda na nusu kijiko cha chai cha mafuta ya kupikia yaliyoganda kwa kila gramu 500, na bado ikigoma, ongeza matone machache ya glisarini. Ikinyumbuka na kukatika kwa uzito wake yenyewe, imelainika mno, mara nyingi kwa joto la mikono au chumba. Ifunge, iache nusu saa mahali pa baridi, kisha ukande robo kijiko cha chai cha unga wa CMC (unga unaoifanya fondanti ishikane na kukauka ngumu) kwa gramu 250.

Kwenye nusu mpira, mpasuko wa chini husababishwa na duara dogo. Watu hupima kipenyo cha keki badala ya kupima njia inayopita juu yake. Mpira wa sentimita 20 una zaidi ya sentimita 31 kutoka chini upande mmoja, kupitia utosini, hadi chini upande wa pili, na ganashi huongeza nyingine. Sukuma duara la sentimita 38, ambalo litahitaji gramu 600 hadi 650 za fondanti ingawa karibu nusu yake itakatwa.

Mikunjo ikitokea chini, usiikandamize. Inyanyue pindo, ifungue kwa nje kama unavyotandaza sketi, kisha ubonyeze kwa kiganja kuanzia juu kushuka. Kuiweka keki juu ya bakuli lililopinduliwa, dogo kuliko keki yenyewe, husaidia, maana ziada hushuka chini ya ukingo badala ya kurundikana. Ziada ikiwa nyingi, ipunguze kwa mkasi mapema isivute.

Mpasuko mdogo uzibwe kwa fondanti iliyopondwa na maji hadi iwe laini ya kupaka. Kwenye mpira usihangaike sana: vipande vitaufunika.

Uso umekauka na kufanya mikunjo midogo

Fondanti imekaa wazi muda mrefu kabla au wakati wa kuvisha. Paka mafuta yaliyoganda kidogo sana kwa ncha ya kidole na usugue kwa mzunguko hadi mikunjo ijifute. Wakati mwingine, kanda hadi ilainike, sukuma na uvishe ndani ya dakika chache. Usichotumia kikae ndani ya plastiki, si chini ya kitambaa chenye maji, maana kitambaa hicho huifanya inate.

Keki inatoka jasho

Matone madogo yaliyosambaa kote hayatoki ndani ya keki. Ni mvuke wa hewa unaotonea kwenye uso wa baridi mara keki inapotolewa kwenye friji. Hapa ndipo keki nyingi nzuri huharibiwa na mwenyewe, kwa kuzifuta. Ukigusa, alama ya kidole hubaki, na nyeusi huchafua nyeupe. Iweke mahali penye ubaridi na hewa inayopita, washa feni isiyoelekezwa karibu sana, na uiache. Matone hukauka yenyewe ndani ya saa moja hadi tatu. Mng'ao unaobaki nao hupungua polepole.

Kuzuia ni rahisi kuliko kutibu. Keki ya siagi yenye ganashi haina haja ya friji kwa siku moja au mbili kama chumba si cha joto kali. Chagua kijazo kinachovumilia kukaa nje, kwa sababu kastadi, krimu ya maziwa na jibini laini zinahitaji baridi na hazifai kukaa nje zaidi ya saa 2. Kama lazima keki iingie friji, iwe ndani ya boksi la kadibodi lililofungwa kwa plastiki. Ikitoka, usilifungue boksi kwa saa 2 au 3, hadi keki ifikie joto la chumba. Unyevu utatonea kwenye plastiki badala ya keki. Gari lenye kiyoyozi hufanya kazi ileile ya friji, kwa hiyo ukifika, boksi libaki limefungwa kwa muda.

Kama keki haijaingia friji na bado inanata, hewa yenyewe ina unyevu mwingi. Angalia jiko: sufuria inayochemka au birika karibu na meza ya kazi hutosha kuleta shida. Wakati wa mvua acha glisarini kabisa, na ukande CMC kidogo kwenye fondanti ya kuvishia.

Vipande vya mpira havikutani

Mpira wa weusi na weupe uliozoeleka, uliopata umaarufu kupitia Telstar ya Adidas kwenye Kombe la Dunia la Mexico mwaka 1970, una vipande 32: pembetano nyeusi 12 na pembesita nyeupe 20. Kanuni zake ni chache na hazina msamaha. Nyeusi mbili hazigusani kamwe. Kila nyeusi huzungukwa na nyeupe tano. Kila kona ni mkutano wa nyeusi moja na nyeupe mbili.

Kanuni hiyo ya mwisho ndiyo ya kukagulia kazi. Kona ya pembesita ina nyuzi 120, kwa hiyo tatu zikikutana zinatimiza 360 na kulala bapa. Nyeupe mbili na nyeusi moja hufanya 348, na zile nyuzi 12 zilizopungua ndizo zinazoulazimisha uso upinde. Ukiona mahali nyeupe tatu zimekutana, usiendelee kuvuta na kubana vipande. Mpangilio umekosewa, na kila kipande kinachofuata kitaongeza kosa.

Kosa linalofuata kwa wingi ni vikatio visivyolingana. Kinachotakiwa kulingana ni urefu wa upande, si upana wa kikatio. Pembesita yenye upande wa sentimita 4 ina upana wa sentimita 8 kutoka kona hadi kona. Pembetano yenye upande uleule ina upana wa sentimita 6.5 tu sehemu yake pana kuliko zote. Ukinunua vikatio viwili vilivyoandikwa ukubwa mmoja, vipime kwa rula ubavu kwa ubavu. Visipolingana, chora violezo kwenye karatasi ngumu na ukate kwa kisu chembamba.

Upande uwe wa urefu gani? Usipime sufuria. Pima keki ikiwa imeshavishwa fondanti: pitisha uzi kutoka kibaoni upande mmoja, kupitia utosini, hadi kibaoni upande wa pili, kisha gawanya urefu huo kwa 7.7. Mpira wa sentimita 20, ukiongezewa ganashi milimita 4 na fondanti milimita 4 kila upande, unafikia kipenyo cha sentimita 21.6. Uzi utasoma karibu sentimita 34, na upande wa kipande utakuwa sentimita 4.4. Aliyekokotoa kwa kipimo cha sufuria angekata sentimita 4.1, na kila kipande kingekuwa na pungufu ya milimita 3 kila ubavu. Pengo la namna hiyo halizibiki.

Hakikisha pia kwamba umbo ni nusu tufe kweli. Kimo kiwe nusu ya upana. Mpira uliopungua kimo husababisha vipande vya chini kupandana, hata kama vipimo vingine vyote ni sahihi.

Bandika kwa mpangilio huu. Tafuta utosi kwa kukutanisha nyuzi mbili zinazokatiza msalaba, na weka pembetano moja nyeusi katikati yake. Zungushia pembesita tano nyeupe, kila moja ikishiriki ubavu na nyeusi ya katikati. Kwenye kila pengo la pembe kati ya nyeupe mbili, ingiza nyeusi ikielekeza ncha juu. Kati ya nyeusi hizo weka nyeupe nyingine tano, ambazo zitagonga kibao, uzikate chini. Sehemu yake kubwa hubaki juu. Mwishoni utabakiwa na nafasi tano fupi chini ya nyeusi, za karibu sentimita 2, ambazo hujazwa kwa vipande vya pembesita vilivyokatwa. Nyeusi zinazoonekana ni sita. Andaa gramu 300 za fondanti nyeupe na gramu 120 za nyeusi ili mabaki yasikubane.

Mapengo yakikua kadiri unavyoshuka, vipande ni vidogo. Vikipandana kadiri unavyoshuka, ni vikubwa au kimo kimepungua. Upande mmoja ukiwa sawa na mwingine umepinda, nyeusi ya utosini haikukaa katikati, na ni bora kuibandua mapema kuliko kuivumilia. Pengo la milimita 1 liache, litaonekana kama mshono. La milimita 2, nyoosha kingo kwa kifaa cha kufinyangia, fondanti ikiwa bado laini. Likizidi hapo, kata vipande upya.

Unene wa vipande uwe milimita 2. Ukishasukuma shiti, iache dakika 5 hadi 10 kabla ya kukata, kwa sababu fondanti iliyotoka kusukumwa huwa bado inajivuta, na pembesita hugeuka umbo mara unapoinyanyua. Ukitandaza plastiki nyembamba juu ya shiti na kukata kupitia plastiki hiyo, kingo hutoka zimeviringika, na mpira hupata ule mwonekano wa ngozi iliyojazwa upepo. Alama za mishono zichorwe mara kipande kinapokaa mahali pake, kabla hakijakauka.

Gundi: robo kijiko cha chai cha CMC kwenye vijiko 2 vya chakula vya maji ya uvuguvugu, iache usiku ilainike. Paka katikati ya mgongo wa kipande, usifike ukingoni. Gundi inayochuruzika chini ya nyeusi hubeba rangi hadi kwenye nyeupe, na doa hilo halitoki.

Nyeusi ni ya kijivu, nyekundu ni ya waridi

Usianze na fondanti nyeupe. Kwa nyeusi, kanda kwanza kakao kijiko 1 au 2 vya chakula kwa gramu 500 pamoja na mafuta kidogo, ipate rangi ya kahawia, ndipo utie rangi nyeusi ya jeli. Kwa nyekundu, ifanye kwanza ya waridi iliyokolea. Halafu simama kabla rangi haijafika unapopataka, ifunge na uiache usiku. Rangi hukolea yenyewe ikilala. Anayeendelea kutia jeli hadi ifike papo hapo huishia na fondanti inayonata, chungu mdomoni, inayotia rangi meno ya wageni. Ikishafika hapo, kanda nusu kijiko cha chai cha CMC kwa gramu 250 na uiache ipumzike. Uchungu hautatoka. Kama keki inahitaji nyeusi au nyekundu nyingi, kununua iliyotiwa rangi kiwandani ni uamuzi wa busara. Rangi za majimaji hazifai kabisa kwa kazi hii.

Rangi inayochuja kuingia kwenye nyeupe imepata maji, ama ya gundi ama ya jasho. Michirizi ya giza ya jezi ikauke saa moja au mbili kabla ya kubandikwa juu ya nyeupe. Zambarau, waridi na buluu hupauka kwenye mwanga, kwa hiyo keki isikae dirishani.

Unga mweupe kwenye fondanti nyeusi

Ni wanga wa mezani. Rangi za giza zisukumwe juu ya mafuta yaliyoganda yaliyopakwa kidogo. Kama unga umeshashika, uondoe kwa brashi laini kavu, kisha pitisha brashi iliyolowekwa kidogo kwenye pombe kali isiyo na rangi, ambayo hukauka haraka bila kuyeyusha sukari. Asiyetumia pombe apitishe mvuke wa birika kwa umbali wa sentimita 25 kwa sekunde chache, au afute kwa mafuta kidogo sana.

Uwanja hauonekani kama uwanja

Karibu kila mara ni vipimo. Uwanja wa kimataifa kwa kawaida una mita 105 kwa 68. Keki ya sentimita 42 kwa 27 inaufuata vizuri, kila mita ikiwa milimita 4. Hapo eneo la penalti lina upana wa sentimita 16.1 na kina cha 6.6, eneo dogo la goli ni 7.3 kwa 2.2, nusu kipenyo cha duara la katikati ni sentimita 3.7, na alama ya penalti iko sentimita 4.4 kutoka mstari wa goli. Upinde ulio nje ya eneo la penalti hukosewa na wengi, kwa sababu wanauchora kuanzia kwenye mstari. Weka bikari kwenye alama ya penalti, ifungue sentimita 3.7, na uchore sehemu inayotoka nje ya eneo tu.

Mistari na goli havifuati kipimo. Mstari wa kweli una upana usiozidi sentimita 12, ambao hapa ungekuwa nusu milimita, hivyo kata mikanda ya milimita 4. Goli la kipimo lingekuwa na upana wa sentimita 3 na kimo cha 1. Lizidishe mara mbili lionekane. Mistari ikiyumba, ilivutika wakati wa kunyanyuliwa: iache dakika 10 baada ya kukata, ihamishe ikiwa imelala juu ya rula, kisha itelezeshe mahali pake.

Nyasi za krimu zikilala, krimu ni laini. Ongeza sukari ya unga, au ipoze kidogo, tumia ncha yenye matundu mengi, bonyeza, acha kubonyeza, ndipo unyanyue. Milingoti na mtambaapanya vitengenezwe kwa fondanti yenye CMC na vikauke siku 2 au 3 vikiwa vimelazwa, vikigeuzwa kila siku ili visipinde.

Namba za jezi zina kingo zilizochakaa

Kisu kinaburuta. Shiti iache ikauke kidogo, kata kwa kubonyeza ncha kushuka badala ya kuvuta, na usafishe kisu kila baada ya mkato. Pembe za ndani zikatwe kwanza.

Wachezaji wanaanguka au wanapasuka

Fondanti ya kuvishia haisimami yenyewe. Kanda kijiko kimoja cha chai cha CMC kwa gramu 250, uiache saa kadhaa. Miguu ifinyangwe kwanza na ikauke saa 24 kabla ya kubeba kiwiliwili. Kichwa huja mwisho, kikishikiliwa na kipande cha spageti mbichi. Nyufa usoni zinatokana na fondanti iliyoanza kukauka kabla ya kuviringishwa. Kanda hadi ing'ae, kisha uviringishe bila kusita. Mchezaji aliyepiga goti, aliyekaa juu ya mpira au aliyeegemea mlingoti atafika salama. Anayepiga shuti kwa mguu mmoja anahitaji waya, na waya haupaswi kuingia ndani ya keki.

Wasikae kwenye friji, na wasiwekwe juu ya krimu mapema, kwa sababu hunyonya unyevu miguuni na kuinama. Wawekee chini kisahani chembamba cha fondanti iliyokauka, na uwapandishe keki ikishafika ukumbini. Tumia spageti badala ya vijiti vya meno, hasa keki ikiwa ya watoto. Vijiti vya kuhimili vilivyomo ndani vihesabu, na uandike idadi yake juu ya boksi ili anayekata ajue vingapi vya kutoa kabla ya kugawa.